Mmeshapatana, kesi bado ipo mahakamani: namna ya kuimaliza kwa hati ya makubaliano

"Tumeshaelewana na mwenzangu. Sasa hii kesi naifutaje?"

Swali hili naulizwa karibu kila wiki, na mimi huwa najibu kwa swali: umeshalipwa? Kama hujalipwa chote, usifute kitu. Kuna njia ya kuyapeleka makubaliano yenu mbele ya hakimu yakatoka yakiwa tuzo ya mahakama, yaani amri rasmi inayowabana wote wawili, na mwenzako akigeuka unakwenda kuomba kukazia tuzo (itekelezwe kwa nguvu ya mahakama) badala ya kuanza kesi upya.

Mimi ni msaidizi wa kisheria, si wakili. Sehemu kubwa ya kazi yangu ni kukaa benchini na watu kabla shauri lao halijaitwa na kuwasomea karatasi walizoshika. Haya yanawahusu wenye mashauri ya madai katika mahakama za wilaya, za hakimu mkazi na Mahakama Kuu, Tanzania Bara: deni la biashara, mkataba uliovunjwa, pango, fidia ya mali iliyoharibiwa. Mahakama ya Mwanzo ina kanuni zake, nyepesi zaidi, ila tahadhari nyingi hapa zinafaa na huko. Zanzibar na Kenya wana sheria zao. Kesi ya jinai usiilete kabisa: hata mkipatana na kukumbatiana, mashtaka ni ya Jamhuri, hayaondolewi na nyinyi wawili.

Nadharia ni fupi. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, Amri ya 23, kanuni ya 3, inasema mahakama ikiridhika kwamba shauri limemalizwa, lote au sehemu, kwa makubaliano halali, itaamuru makubaliano hayo yaingizwe kwenye kumbukumbu na itatoa tuzo kulingana nayo, kwa kadiri yanavyohusu shauri hilo. Hayo maneno ya mwisho yashike, tutayarudia. Na Katiba yenyewe, ibara ya 107A, inaitaka mahakama ikuze usuluhishi baina ya wenye mgogoro, kwa hiyo usiingie kwa hakimu kwa aibu kana kwamba unaomba upendeleo.

Kwa nini nasisitiza tuzo? Mama mmoja muuza mchele alikuwa anadai 6,400,000. Asubuhi ya kesi mdaiwa alimpa 1,000,000 taslimu chini ya mwembe nje ya mahakama, akaapa kumalizia mwisho wa mwezi. Mama akaingia ndani akasema, "Mheshimiwa, tumeelewana, naomba kuondoa shauri langu." Hakimu akamwuliza mara mbili kama ana uhakika. Akasema anao. Shauri likaondolewa, na hakuomba ruhusa ya kulifungua tena. Mwisho wa mwezi ulifika, simu ya mdaiwa ikawa haipatikani. Ukiondoa shauri bila kuomba ruhusa hiyo, sheria inakuzuia kufungua jingine kwa madai yale yale. Alichobaki nacho ni ahadi ya mdomo, na shahidi wake ni mwembe.

Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Namba kamili ya shauri, jina la mahakama na majina ya wadaawa (mdai na mdaiwa) kama yalivyo kwenye hati ya madai. Herufi kwa herufi.
- Nakala ya hati ya madai na ya majibu ya madai. Ukizipoteza, ziombe masjala.
- Vielelezo vya deni: mkataba, ankara, risiti, ujumbe wa simu, taarifa ya benki.
- Vitambulisho vya watakaosaini.
- Kwa kampuni, azimio la bodi linalomtaja mtu mwenye mamlaka ya kusaini. Kwa marehemu, barua za usimamizi wa mirathi.
- Kama una wakili, maelekezo yako kwake kwa maandishi: kiwango cha chini unachokubali, au cha juu unachoweza kulipa.
- Kalenda ya shauri: lini linatajwa, lini linasikilizwa, lini muda wa kuwasilisha nyaraka unaisha.

Hatua ya 1: Hakikisha kesi haikutoki mkononi wakati mnaongea

Mazungumzo hayasimamishi saa ya mahakama. Wadaiwa ndio huumia zaidi hapa. Ukishapokea wito na hati ya madai una siku 21 za kuwasilisha majibu ya maandishi. Mdai anakupigia anasema, "Achana na hayo makaratasi, sisi ni ndugu, tutaongea." Unaacha. Siku ya 22 hujawasilisha kitu, yeye anaomba shauri lisikilizwe upande mmoja, na anapewa. Sasa unaongea naye akiwa na hukumu mfukoni.

Wasilisha majibu yako, halafu ndio mwongee. Na wewe mdai, fika mahakamani kila tarehe hata kama jana yake mlikula pilau pamoja. Shauri linafutwa kwa kutofika mdai, na kulirudisha ni maombi mengine, kiapo kingine, na nauli nyingine.

Hatua ya 2: Piga hesabu yako peke yako kwanza

Chukua karatasi. Andika unachodai, kisha toa kile ambacho ukikaa na moyo wako unajua huna ushahidi nacho. Ongeza gharama za kuendelea: wakili, nauli za mashahidi, siku za kufunga duka, miaka ya rufaa. Halafu jiulize swali ambalo watu hulikwepa: huyu mtu ana nini cha kukamatwa? Hukumu ya milioni 50 dhidi ya mtu mwenye kitanda na redio haina thamani ya milioni 10 zitakazolipwa kweli.

Mdaiwa naye ajipime: anaweza kulipa kiasi gani kila mwezi bila kukopa kwingine? Awamu iliyoahidiwa kwa kujionyesha huvunjika mwezi wa tatu.

Hatua ya 3: Anzisha mazungumzo, na uyalinde

Barua au ujumbe wa kupendekeza mapatano uanze na maneno haya: "Bila kuathiri haki za upande wowote." Maana yake ni kwamba mazungumzo yakivunjika, ofa yako haitaletwa mahakamani kama ungamo. Ukiandika tu "Nakubali nadaiwa milioni 14 naomba nipunguziwe," na mapatano yakashindikana, hiyo karatasi utaiona tena ikiwa imepigwa muhuri wa kielelezo.

Kama mwenzako ana wakili, jua kwamba huyo anamlinda yeye. Sikiliza, chukua rasimu, rudi nayo nyumbani. Mtu akikwambia lazima usaini leo leo, hapo ndipo pa kuomba siku mbili.

Wazee wa ukoo, shekhe, mchungaji, mwenyekiti wa mtaa, wote wanaweza kuwaweka mezani, na mara nyingi wanafanya kazi hiyo vizuri kuliko sisi. Lakini karatasi yenye mhuri wa mtaa haimalizi kesi iliyoko mahakamani. Ni mwanzo tu wa hati ya hatua ya 5.

Hatua ya 4: Usikidharau kikao cha usuluhishi cha mahakama

Tangu mwaka 1994 kanuni zetu za madai zina usuluhishi ndani yake. Nyaraka za pande zote zikikamilika, shauri hupelekwa kwa msuluhishi, na muda wa usuluhishi haupaswi kuzidi siku 30 toka kikao cha kwanza. Dar es Salaam, Mahakama Kuu ina Kituo chake cha Usuluhishi.

Watu wengi huenda pale kutimiza ratiba: "Tukashindane tu turudi kwa hakimu." Kosa. Yanayosemwa kwa msuluhishi ni siri, hayatumiki dhidi yako kesi ikiendelea, kwa hiyo ni mahali pa kuongea ukweli ambao huwezi kuusema kizimbani. Anaweza kuwaita mmoja mmoja. Mwambie kiwango chako cha mwisho na umwombe asikitoe.

Nenda mwenyewe, au mtume mtu mwenye mamlaka ya kukubali. Ofisa anayesema "ngoja nikamwulize bosi" kila dakika tano anawapotezea siku. Usipofika bila sababu ya msingi, faili linarudishwa kwa hakimu au jaji wa shauri, naye anaweza kulifuta shauri kama wewe ni mdai, kuuondoa utetezi wako kama ni mdaiwa, au kukuamuru ulipe gharama.

Usuluhishi ukishindikana, mlango haujafungwa. Mnaweza kupatana siku yoyote kabla ya hukumu, hata wakati wa rufaa, hata baada ya hukumu mkapanga namna ya kulipa.

Hatua ya 5: Andikeni hati ya makubaliano

Hapa ndipo kazi ilipo. Hati inaweza kuwa ya Kiswahili. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama. Usikubali kusaini Kiingereza usichokielewa eti "ndiyo lugha ya kisheria."

Tuchukue mfano. Muuza mbao anamdai mjenzi 14,000,000. Wamekubaliana alipe 12,000,000: tatu leo, tisa kwa awamu. Wengi wataandika "mdaiwa atalipa 12,000,000" wakaishia hapo. Mjenzi akilipa awamu mbili akapotea, mdai amebaki na tuzo ya 12,000,000 ilhali msamaha wa 2,000,000 ameshautoa bure. Mimi napendelea kuandika hivi:

"1. Mdaiwa anakiri kwamba anadaiwa na Mdai shilingi 14,000,000 (milioni kumi na nne).

2. Mdai anakubali kupokea shilingi 12,000,000 (milioni kumi na mbili) kuwa malipo kamili na ya mwisho ya madai yote yaliyomo katika shauri hili, iwapo tu zitalipwa kama ifuatavyo:
(a) shilingi 3,000,000 siku ya kusaini hati hii;
(b) shilingi 9,000,000 kwa awamu 9 za shilingi 1,000,000 kila moja, si zaidi ya tarehe 5 ya kila mwezi, kuanzia tarehe 5 Machi 2026 hadi tarehe 5 Novemba 2026.

3. Malipo yote yatafanyika kupitia akaunti ya benki ya Mdai iliyotajwa chini ya hati hii, na si kwa njia nyingine.

4. Mdaiwa akichelewesha awamu yoyote kwa zaidi ya siku 7, nafuu iliyo katika aya ya 2 itakoma, na salio la shilingi 14,000,000 baada ya kutoa kilicholipwa litadaiwa lote kwa mkupuo, na Mdai ataomba kukazia tuzo bila kufungua shauri jipya.

5. Kila upande utabeba gharama zake za shauri.

6. Wadaawa wanaiomba mahakama isajili makubaliano haya na itoe tuzo kwa mujibu wake."

Soma tena aya ya 1, 2 na 4 kwa pamoja. Deni ni 14,000,000. Punguzo ni zawadi ya kulipa kwa wakati. Mdaiwa mwaminifu hapotezi kitu, na hawezi kulalamika baadaye kwamba 2,000,000 ni adhabu uliyombandika, kwa sababu alizikiri mwenyewe kwenye mstari wa kwanza.

Mambo mengine ya kuangalia kwenye hati:

Tarehe. "Mwisho wa mwezi", "akivuna", "hali ikiruhusu" si tarehe. Hakimu wa kukazia tuzo hawezi kujua hali iliruhusu lini.

Riba. Tuzo ya mahakama kwa kawaida hubeba riba ya asilimia 7 kwa mwaka toka siku ya hukumu hadi deni liishe, na wadaawa wanaweza kukubaliana kwa maandishi kiwango kingine kisichozidi asilimia 12 kwa mwaka. Nimeshaona rasimu yenye "riba ya asilimia 10 kwa mwezi", lugha ya wakopeshaji wa mtaani kabisa. Kama hamtaki riba, andikeni hivyo.

Gharama. Msipozitaja, mtagombana juu yake siku ya kusajili. Nimewaona watu waliosameheana milioni ishirini wakishindwa kusameheana laki tatu za wakili.

Mambo yaliyo nje ya shauri. Kumbuka yale maneno, "kwa kadiri yanavyohusu shauri hilo." Kama hati ya madai inadai pesa za mbao tu, halafu ndani ya makubaliano mkachomeka pikipiki, uzio wa shamba na mahari ya binti, tuzo itakomea kwenye mbao. Hayo mengine yawekeni kwenye mkataba wenu wa pembeni.

Ardhi na nyumba. Hapa tembea taratibu. Kama mdaiwa analipa kwa kiwanja, hakikisha mwenzi wake wa ndoa ameridhia kwa maandishi. Nyumba ya ndoa haihamishwi na mmoja bila mwenzake, ndivyo Sheria ya Ndoa inavyosema. Andikeni nani analipa kodi na ada za uhamisho, na lini mdaiwa atasaini fomu za uhamisho. Tuzo peke yake haibadilishi jina kwenye hati miliki. Bado utakwenda kwa Msajili wa Hati.

Mtoto. Anayesimamia shauri kwa niaba ya mtoto hawezi kupatana bila ruhusa ya mahakama. Iombeni kwanza, na mahakama ione kwamba mapatano yana faida kwa mtoto.

Serikali. Mkuu wa idara hawezi kukusainia peke yake. Mashauri ya madai ya Serikali yako mikononi mwa Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali. Uwe na subira.

Hatua ya 6: Saini

Kila mdaawa asaini mwenyewe, kila ukurasa, na jina lake kamili. Wakili kama yupo asaini pia, lakini saini yake isichukue nafasi ya yako. Nimechoka kusikia "wakili wangu alikubali, mimi sikujua." Anayesaini kwa niaba ya mwingine aambatishe hati inayompa uwezo huo. Asiyejua kusoma asomewe hati yote kwa sauti katika lugha anayoielewa, aweke dole gumba, na aliyemsomea aandike kwamba amemsomea.

Kama 3,000,000 za kwanza zinalipwa siku hiyo, zilipwe kabla kalamu ya mdai haijagusa karatasi. Angalia salio kwenye akaunti yako, si picha ya muamala kwenye simu ya mwenzako.

Hatua ya 7: Iwasilisheni, mkasimame mbele ya hakimu

Hati inawasilishwa kwa njia ya mfumo wa kielektroniki wa mahakama, chini ya namba ile ile ya shauri. Msifungue shauri jipya. Kama huna wakili wala kompyuta, waulize masjala wakuelekeze. Lipa ada watakayokupangia kwa namba ya malipo ya serikali, na usimpe mtu fedha mkononi.

Msisubiri tarehe ya mbali kama mmeshasaini. Mwandikieni msajili au hakimu mkaomba shauri liitwe mapema kwa ajili ya kusajili makubaliano.

Siku hiyo nendeni wote wawili. Hakimu atauliza: hii ni saini yako? Umesoma ukaelewa? Umesaini kwa hiari yako? Jibu kwa sauti na kwa kifupi. Ukianza "Mheshimiwa, nimekubali lakini kwa kweli moyoni…", hakimu ataahirisha, na ana haki. Kinachotakiwa kusemwa ni hiki:

"Mheshimiwa, tumefikia makubaliano na hati tumeiwasilisha. Tunaomba isajiliwe na itolewe tuzo kwa mujibu wake."

Usiseme "tunaomba kuondoa shauri." Ni maneno machache tu yanayotofautiana, lakini ndiyo yaliyomponza yule mama wa mchele.

Hatua ya 8: Chukua nakala ya hukumu na tuzo

Wengi huondoka wakipeana mikono na kuisahau karatasi. Omba nakala zilizothibitishwa za hukumu na tuzo siku hiyo hiyo, na zikitoka zisome palepale: majina, tarakimu, tarehe za awamu. Hakikisha makubaliano yenu yamo ndani ya tuzo au yametajwa kuwa sehemu yake. Weka nakala mahali ambapo panya na wajukuu hawafiki, na nyingine kwa ndugu.

Jua pia ulichokitia saini: tuzo iliyotolewa kwa ridhaa ya wadaawa haikatiwi rufaa. Sababu za kuitengua ni zile ambazo zingetengua mkataba wowote, mathalani ulaghai au kulazimishwa. "Nimetafakari nikaona nilipunjwa" haimo.

Hatua ya 9: Kulipa na kupokea

Lipa kwa njia iliyoandikwa kwenye hati, na kwenye maelezo ya muamala andika namba ya shauri na namba ya awamu.

Halafu jambo ambalo karibu hakuna anayeambiwa: malipo yanayofanyika nje ya mahakama baada ya tuzo yanatakiwa kutaarifiwa mahakamani ili yarekodiwe. Mahakama inayokazia tuzo haiyatambui malipo ambayo hayakuthibitishwa kwake. Mdaiwa anaweza kulipa milioni saba mkononi, kwa tabasamu na chai, halafu dalali wa mahakama akaja kukamata gari kwa deni zima. Kwa hiyo kila baada ya awamu chache pelekeni taarifa ya pamoja iliyosainiwa na wote wawili. Mdai akikataa kusaini, mdaiwa apeleke maombi yake mwenyewe mapema, akiambatisha risiti. Awamu ya mwisho ikilipwa, pelekeni taarifa kwamba tuzo imetimizwa yote.

Ikikwama

Mdaiwa amelipa awamu mbili akanyamaza. Subiri zile siku 7 za kwenye hati, mwandikie mara moja, kisha fungua maombi ya kukazia tuzo katika mahakama ile ile. Unaweza kuomba mali yake ikamatwe na kuuzwa, fedha zake zilizo benki zizuiwe, au aitwe ajieleze kwa nini asipelekwe gerezani kama mfungwa wa madai. Una miaka 12 ya kukazia, lakini usiichukue kama likizo: ukipita mwaka 1 toka tuzo, mahakama itampa kwanza taarifa aje ajieleze, na mali huhama haraka kuliko karatasi.

Hakimu amekataa kusajili. Uliza sababu, iandike. Mara nyingi ni saini iliyokosekana, mtu asiye na mamlaka, tarehe zisizoeleweka, au jambo lisilo halali ndani yake, kwa mfano kipengele kinachomtaka mtu afute kesi ya jinai. Rekebisheni mrudi.

Wadaiwa ni watatu, aliyepatana ni mmoja. Inawezekana, makubaliano yanaweza kumaliza sehemu ya shauri. Andikeni wazi kwamba shauri linaendelea dhidi ya wengine, na kiasi gani kimeshalipwa ili usidai mara mbili.

Mwenzako amesaini lakini siku ya mahakama hakutokea. Omba tarehe fupi na umpelekee wito. Hati iliyosainiwa bado una nafasi ya kuiomba mahakama iipokee kama uthibitisho wa makubaliano, ila akiibuka na kuikana, jiandae kuthibitisha kwamba alisaini kwa hiari. Ndiyo maana mashahidi wawili wa kusaini si anasa.

Mdaiwa amefariki katikati ya awamu. Tuzo haifi naye. Inakaziwa dhidi ya msimamizi wa mirathi yake, kwa kiwango cha mali aliyoiacha marehemu. Watoto hawalipi kutoka mifukoni mwao, hata dalali akiwatisha vipi.

Uliondoa shauri kabla ya kusoma haya. Tafuta nakala ya amri uone kama ruhusa ya kufungua upya ilitolewa. Wakati mwingine hakimu huiweka mwenyewe bila wewe kuielewa. Kama haipo, na mna makubaliano ya maandishi, mwone wakili juu ya kudai kwa msingi wa makubaliano hayo mapya badala ya deni la zamani.

Tuzo imetoka na kosa la chapa: 1,200,000 badala ya 12,000,000. Usikae nayo wala usiikosoe kwa kalamu. Iandikie mahakama ile ile barua ya kuomba marekebisho ya kosa la uandishi, ambatisha nakala ya hati ya makubaliano, mpe mwenzako nakala ya barua hiyo, na usipeleke maombi ya kukazia mpaka uwe na tuzo iliyorekebishwa mkononi.